Wachezaji wa sinema bubu watajwe kwa majina

Mhariri,

Makala yenu kuhusu kuzaliwa kwa sinema imewapa Edison, mvumbuzi Mmarekani, na ndugu wawili Lumière wa Ufaransa, waanzilishi wa sinema, heshima yao. Lakini wanawake waliocheza dansi mbele ya kamera hizo mmewapitia kwa sentensi moja, kana kwamba walikuwa kifaa cha kujaribia mashine. Naomba nafasi niwasemee.

Studio ya Edison huko West Orange, New Jersey, ilijengwa 1893. Paa lake lilifunguka, na jengo zima lilizungushwa kulifuata jua. Mwaka uliofuata alicheza humo Carmencita kutoka Hispania, na pia Annabelle Whitford, aliyerusha gauni lake pana hadi likawa mawimbi na mabawa. Kamera ilisimama palepale, sauti hakuna, hadithi hakuna. Uzuri wote uliomo kwenye mikanda ile mifupi ulitoka mwilini mwa mchezaji na katika kitambaa alichokishika. Baadhi ya nakala zilipakwa rangi kwa mkono, picha moja baada ya nyingine, ili zifanane na taa za rangi za jukwaani.

Dansi hiyo ya kurusha gauni, iitwayo Serpentine, ilitokana na Loie Fuller, Mmarekani aliyezaliwa Illinois na kung'ara Paris kwenye ukumbi wa Folies Bergère kuanzia 1892. Mwaka huohuo alimshtaki mchezaji aliyemwiga. Mahakama ya New York ikamkatalia: dansi isiyosimulia kisa haikustahili hakimiliki. Kwangu huo ulikuwa uamuzi mbaya, na filamu zenyewe zinaupinga. Mtu akizitazama leo hahitaji kisa ili aguswe.

Baada ya hapo waigaji walienea, nao ndio waliorekodiwa. Filamu nyingi zinazozunguka mtandaoni kwa jina la Fuller si zake, hata ile maarufu ya Lumière. Kwa hiyo dhuluma ni mbili: mbunifu alinyimwa haki ya kazi yake, na wanawake tunaowaona kwa macho yetu wamefunikwa na jina lake. (Yule wa Lumière sijaona popote akitajwa kwa uhakika, na hilo linaniuma.)

Picha mliyochapisha na kuiandikia "Loie Fuller" imetoka kwenye filamu ya Annabelle. Tafadhali isahihisheni katika toleo lijalo, na jina lake liandikwe kamili: Annabelle Whitford.

Msomaji wenu,
Morogoro