Binti yangu, kabla hujaingia studio msikilize Salif Keita

Mwanangu,

Meseji yako ya juzi nimeisoma nikamsomea na mama yako. Umeandika "baba naomba usinitumie tena watu wenye ualbino waliofanikiwa, nimechoka". Nimekuelewa kabisa. Tangu uko mdogo kila mgeni akija hapa nyumbani lazima akutajie mbunge fulani au mwanaharakati fulani mwenye ualbino, anakusifia wee, na hakuna hata mmoja anayekuuliza we mwenyewe unapenda nini.

Kwa hiyo nikuweke wazi mapema, Salif Keita, yule mwimbaji wa Mali ambaye naye ana ualbino, sikutumii kwa sababu ya ngozi yake. Nakutumia kwa sababu umesema unataka kuimba na kuandika nyimbo zako, alafu ukaniambia kuna prodyuza huko Dodoma anataka uingie studio mwezi huu huu, nyimbo ataandika yeye, video atasimamia yeye, na alichokusifia cha kwanza ni muonekano wako. Hapo ndo sijalala vizuri. Naomba unisome mpaka mwisho, ni ndefu ila soma tu ukiwa umetulia.

Mi huyu mtu nilianza kumsikiliza kabla hujazaliwa wala sijafikiria kama nitakuwa na mtoto kama wewe. Enzi za kaseti bana, unanunua kaseti imedurufiwa haina picha haina maelezo, jina limeandikwa kwa kalamu tu, unaweka kwenye redio unasikia sauti inapanda mpaka unaacha unachofanya. Kilugha chake sikijui hata neno moja lakini nilijua huyu jamaa anachoimba anakimaanisha.

Salif kazaliwa tarehe 25 Agosti 1949 kijiji cha Djoliba, kando ya mto Niger, sio mbali na Bamako mji mkuu wa Mali. Ukoo wa Keita kule ni ukoo wa kifalme, uzao wa Sundiata aliyeanzisha dola ya Mali karne ya 13. Na kwa Wamandinka, kabila lake, hilo lina uzito wake manake kazi zina wenyewe. Kuimba ni kazi ya jeli, anazaliwa nayo, anamrithisha mwanae, ndo anayetunza historia za koo na kuwasifu watukufu kwenye harusi na misiba. Mtukufu anaimbiwa, yeye haimbi. Sasa mtoto wa ukoo huo anazaliwa ngozi nyeupe wazazi wote weusi, watu kijijini wanaona mkosi umeingia, na inasimuliwa baba yake mwanzoni aliwatenga yeye na mama yake kabla ya kuwarudisha. Akakua akiogopwa na wenzake, muda mwingi yuko peke yake.

Sauti ile mwenyewe amesimulia aliipatia shambani. Alikuwa anaamia mazao ya baba yake, anapiga kelele kufukuza nyani na ndege siku nzima, na jua la Mali we unajua linaifanyia nini ngozi kama yenu. Watu wakimsikia wanasema ni kipaji cha Mungu, na mimi sibishi, ila kifua kile kilijengwa kwa miaka mingi mtoto akipiga kelele peke yake porini kabla hajaiona maikrofoni, hilo nataka ulishike.

Shuleni alikuwa anafanya vizuri na alitaka kuwa mwalimu. Wakamkatalia kwa sababu ya macho, uoni hafifu. Najua hapa utasimama kidogo, manake we na ubao wa darasani mna historia yenu, na nakumbuka ulivokuwa unakopi daftari la jirani yako mpaka usiku. Yeye mlango ulifungwa kabisa. Kijana wa miaka 18, ualimu umekataliwa, kilimo macho na ngozi haviruhusu, akaona kilichobaki ni kile ambacho ukoo wake umekikataza. Akachukua gita. Nyumbani ikawa aibu kubwa, mtukufu anataka kufanya kazi ya jeli, baba akakasirika, na 1967 akaondoka kwenda Bamako. Aliishi maisha magumu, analala sokoni, anaimba kwenye vibaa apate chochote.

Sasa hapa ndo penyewe, soma taratibu. Mtu mwingine angekwambia "kisha akawa staa". Hapana mwanangu. Salif alikuwa mwajiriwa wa bendi za watu kwa miaka kumi na zaidi kabla dunia haijamjua. Kwanza Rail Band, bendi ya shirika la reli la Mali, inapiga kwenye baa ya hoteli ya stesheni pale Bamako, kiongozi wake Tidiani Koné. We hukuikuta hii mambo lakini muulize babu yako, na sisi tulikuwa hivohivo, NUTA Jazz bendi ya chama cha wafanyakazi, Polisi nao na yao, mwanamuziki anaajiriwa, vyombo ni vya ofisi, mwisho wa mwezi anasubiri mshahara. Serikali ya kule ilitaka bendi zipige asili, kwa hiyo Rail Band wanachukua nyimbo za zamani za jeli wanaziwekea magita ya umeme na tarumbeta, na mtu anayeziimba ni mtoto wa kifalme ambaye kwa mila hakutakiwa kuzigusa. Alijifunza pale kwa kusimama pembeni ya watu waliozaliwa nazo.

Mwaka 1973 akahamia Les Ambassadeurs, bendi ya moteli, wageni wengi, kwa hiyo leo unapiga ya Kicuba kesho rumba keshokutwa ya Kifaransa, yaani uwe tayari kwa kila kitu. Huko akakutana na Kanté Manfila, mpiga gita kutoka Guinea, na urafiki wao wa kikazi ndo umezaa nyimbo kubwa za mwanzo. 1978 siasa za Mali zikachafuka, wakahama kwenda Abidjan, Côte d'Ivoire, ambako ndo studio zilikuwepo, bendi ikaongezewa jina ikawa Les Ambassadeurs Internationaux, na hapo ukatoka wimbo wa Mandjou.

Mandjou nataka uusikilize wote usiruke, una zaidi ya dakika kumi. Unaanza kinanda na gita vinatembea polepole, yeye haingii haraka, na akiingia utaelewa kwa nini watu wa Afrika Magharibi mpaka leo wakiusikia wananyamaza. Ila nikwambie na upande wa pili, sitaki nikuletee malaika. Wimbo ule ni wa kumsifu Sékou Touré, rais wa Guinea, aliyekuwa amempa nishani ya taifa miaka ya 70. Na Touré alikuwa dikteta, watu wamefia kwenye kambi yake ya wafungwa ya Boiro pale Conakry. Salif alifanya kile kile ambacho jeli anafanya kwa mfalme aliyemheshimu, na mtu aliyezoea kuitwa mkosi akiheshimiwa anabaki na deni kubwa moyoni, namwelewa, lakini kumsifu mtawala mimi sijawahi kukubali wala hapo sikubali. Na 2020 jeshi lilipochukua nchi Mali akaingia kwenye bunge la mpito, akajiuzulu 2023, nalo silipendi. Utakutana na watu wa kampeni wanakuja na hela wanataka uwaimbie, nakuandikia haya ukiwa bado hujakutana nao.

1984 akaenda Ufaransa, akakaa Montreuil pembeni ya Paris ambako kumejaa Wamali. Miaka mitatu mbele, 1987, ikatoka albamu ya Soro. Hiyo ndo ilikuwa kaseti yangu. Prodyuza ni Ibrahima Sylla, na waliopanga muziki ni François Bréant na Jean-Philippe Rykiel. Huyu Rykiel ni mpiga kinanda na ni kipofu tangu utotoni. Nawaza sana hiyo studio, mmoja macho yake ni hafifu mwingine haoni kabisa, na wametoa kitu ambacho kila ala unaisikia imekaa mahali pake, sintesaiza, matarumbeta, waitikiaji wa kike, na katikati ile sauti ya shambani. Alikuwa anakaribia miaka 38. We una 20 na prodyuza anakwambia umechelewa.

Baada ya hapo milango ikafunguka. Albamu ya Amen ya 1991 Joe Zawinul, mpiga kinanda wa jazi, ndo kaiprodyuzi, ndani yupo Carlos Santana kwenye gita na Wayne Shorter kwenye saksafoni. Kuna wimbo wa 1989 unaitwa Nous pas bouger, yaani hatuondoki, ameuimba kwa ajili ya wahamiaji, kumbuka 1986 Ufaransa iliwapakia Wamali 101 kwenye ndege moja ikawarudisha kwao, na vijana wa kule Paris wanauimba mpaka leo kwenye maandamano. Halafu kuna Folon, 1995, mi kwangu ndo wimbo wake mzuri kuliko yote, anaongelea zamani ambapo mtu ulikuwa huulizwi unaonaje wala hakuna anayetaka kujua, na ukumbuke Wamali walikuwa wamemuondoa dikteta wao Moussa Traoré 1991 tu hapo. Hana hasira kwenye ule wimbo. Anasema tu ilivyokuwa.

Na baba yake je? Salif alimuimba. Kwenye Soro ile ile kuna wimbo una jina la baba yake, Sina, na 1999 akatoa albamu nzima akaiita Papa, yaani baba kwa Kifaransa. Mi kama baba hii sehemu inanishika kooni, sitaandika zaidi.

Miaka ya 2000 akarudi kuishi Bamako. 2002 ikatoka albamu ya Moffou, kaondoa mavyombo mengi ya Ulaya karudi kwenye ngoni, ile ala ya nyuzi ya kienyeji, na gita na kwaya ya wanawake, jina ni la filimbi ya kienyeji inayochongwa kwenye bua la uwele. Ndani kuna wimbo wa Yamore alioimba na Cesária Évora, mwimbaji wa Cape Verde, mchezee mama yako huo uone.

Sasa nafika pale ulipoogopa nitaanzia. Ona mwaka aliotoa albamu ya La Différence, yaani tofauti: mwisho wa 2009. Ana miaka 60. Ndo anaimba waziwazi kwamba yeye ni mweusi mwenye ngozi nyeupe na anaipenda hivo. Alikuwa ameshawasaidia watu wenye ualbino kwa kimyakimya na kwa taasisi yake, ila kufanya jambo hilo kichwa cha albamu alisubiri mpaka dunia imeshajua yeye ni mwimbaji. Na ona wakati wenyewe, ilikuwa ni miaka ile ile ambayo huku Kanda ya Ziwa tulikuwa hatulali. 2007, 2008, 2009. We ulikuwa mtoto wa miaka miwili mitatu, mama yako alikuwa hakuachii hata uani, mi nikitoka kazini nakuja mbio kabla jua halijazama, na redio kila wiki inatangaza mtu mwenye ualbino ameuawa. Kusikia mtu yuko Mali, mkubwa kuliko wote kwenye kazi yake, anasimama kusema hii ngozi ni uzuri, mwanangu nililia. Albamu ikapata tuzo ya Victoires de la Musique Ufaransa 2010, lakini kwangu tuzo ilikuwa kwamba we ulikuwa hai na unacheza sebuleni ule wimbo ukipigwa.

Na Novemba 2018 akafanya tamasha mji wa Fana, kule Mali, kwa sababu mwaka huo huo mtoto wa kike mwenye ualbino, miaka 5, alikuwa ameuawa hapo. Alikwenda kuimba pale pale ilipotokea. Akatoa albamu akasema ndo ya mwisho, ila 2025 katoa nyingine, So Kono, gita lake na sauti na ala chache tu, akiwa na miaka 75.

Kwa hiyo mama, ninachokuomba ni hiki. Mwambie huyo prodyuza asubiri. Kama anaitaka sauti yako atasubiri, kama anataka sura yako kwenye video atatafuta mwingine, na utakuwa umejua. Ile bendi ya chuo uliyosema wanatafuta mwitikiaji ingia, simama nyuma, imba nyimbo za wenzako, jifunze gita sawasawa, andika zako kwenye daftari hata kama ni mbaya. Siku ukitaka kuimba kuhusu ngozi yako utaimba, au usiimbe kabisa, uimbe mapenzi na mvua na bei ya mchele, ni wewe. Mi hela ya siku za studio nitakutafutia wakati huo ukifika, hilo nakuahidi na mama yako ni shahidi.

Anza na Mandjou, alafu Folon, alafu Soro yote kwa mpangilio wake, La Différence weka mwisho. Bando nimekurushia jana. Mama yako amempa kondakta wa basi la kesho asubuhi mzigo wako, kuna kofia pana na Kilisun makopo matatu, yale mafuta ya kukinga jua ya hospitali ya KCMC, usigawe kwa wenzako wasiohitaji. Ukishapokea nipigie, na uniambie na prodyuza amejibu nini.

Baba yako
Mwanza