Taarifa ya Mwenyekiti kwa Wanachama, Mwaka wa 2024

Walimu wenzangu,

Mwaka wa 2024 hautasahaulika na yeyote aliyewahi kusimama mbele ya darasa la sekondari msingi (Gredi ya 7 hadi ya 9) akiwa na cheti, nambari ya usajili ya Tume ya Kuwaajiri Walimu (TSC) na malipo ya Sh20,000 kwa mwezi kabla ya makato. Mnamo Aprili 17, Jaji Byram Ongaya wa Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Leba jijini Nairobi aliamua kwamba Tume ya Kuwaajiri Walimu haina mamlaka ya kisheria ya kuajiri walimu wanagenzi, yaani wanaofundisha kwa mkataba wa muda wa mafunzo ya kazini. Kesi iliwasilishwa na Forum for Good Governance and Human Rights. Sisi hatukuwa miongoni mwa walalamishi, lakini uamuzi ule ulituhusu kila aya.

Naomba tuushike vyema msingi wake. Kifungu cha 237 cha Katiba kinaipa Tume kazi ya kusajili walimu waliofunzwa na kuwaajiri walimu waliosajiliwa. Aliyemaliza chuo, akafanya mazoezi ya kufundisha na akasajiliwa, hana ngazi nyingine ya kupanda kabla ya kuitwa mwalimu. Kumpa kazi kamili, kisha kumnyima mshahara kamili, posho ya nyumba na pensheni anayopata mwenzake wa meza ya pili, kunagongana na Kifungu cha 41 kuhusu haki kazini.

Hukumu ilikuja, utekelezaji ukayumba. Mahakama iliipa Tume hadi Agosti 1 ijipange. Muhula wa pili ulipofunguliwa mwezi Mei, wanagenzi waligoma, na baadhi wakapokea barua za kutakiwa wajieleze. Mwezi Juni Mswada wa Fedha, uliokuwa wa kuongeza kodi, ukaondolewa baada ya maandamano ya vijana, na pesa za kuwaajiri zikawa gumzo upya. Hatimaye wanagenzi 46,000 wameingia katika ajira ya kudumu kuanzia Januari 2025, na wanachama wetu kadhaa wamo. Hongereni kwa dhati. Mlistahili tangu siku ya kwanza. Lakini papo hapo nafasi nyingine 20,000 zilitangazwa, na ni za unagenzi tena. Msimamo wa chama ni kwamba jambo lililokataliwa na mahakama halihalalishwi kwa kubadilisha kundi la watu wanaotendewa.

Sasa nije kwenye chumba cha mahojiano ya ajira, maana huko ndiko malalamishi mengi ya mwaka huu yalikotoka. Mwanachama wetu mmoja alitembea hadi ofisi ya kaunti ndogo akakuta karatasi imebandikwa ukutani: majina na nambari za vitambulisho tu, bila mwaka wa kuhitimu, bila alama. Jina lake halikuwamo. Alimjua aliyekuwa wa tatu kwenye orodha: mtu aliyehitimu miaka sita baada yake, somo lilelile. Huenda kulikuwa na maelezo halali. Alipouliza, aliambiwa orodha imeshapelekwa, ajaribu mwakani. Mwalimu huyu amefundisha chini ya bodi ya shule kwa miaka mingi akilipwa kwa karo za wazazi, na umri wa miaka 45, ambao umekuwa kikomo katika matangazo ya ajira, unamkaribia.

Kifungu cha 232 cha Katiba kinataka uteuzi katika utumishi wa umma ufuate ushindani wa haki na ustahili, huku kikilinda pia uwakilishi wa jamii mbalimbali, jinsia na watu wenye ulemavu. Hakuna mahali kinapompa mwanasiasa ruhusa ya kugawa barua za ajira mkutanoni. Wala hakiungi mkono wito wa "wenyeji kwanza" unaomfukuza mwalimu wa kaunti jirani langoni. Najua baadhi yenu hampendi nikisema hivyo, hasa mnaotoka maeneo yenye walimu wachache. Lakini anayefunga mlango wake leo atakuta wa mwenzake umefungwa kesho, na hatutakuwa na la kumwambia jaji.

Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016 inaipa ofisi ya umma siku 21 kujibu ombi la taarifa. Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya 2015 inakupa haki ya kuomba sababu za uamuzi uliokuumiza, na inakutaka utumie kwanza njia za malalamishi zilizo ndani ya taasisi kabla ya kwenda kortini. Basi ombeni alama zenu kwa maandishi, mkabaki na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa. Tulipokaa na wakili mwezi Novemba, malalamishi mengi tuliyompelekea yalikuwa ya kuaminika kabisa, ila hayakuwa na hata barua moja ya kuyashikilia. Inaniuma sana, kwa kuwa najua watu hawa walionewa.

Mweka hazina atawasomea hesabu. Baada yake kamati inaleta pendekezo la mfuko wa sheria, mchango wa Sh100 kwa mwezi kwa kila mwanachama, wasio na kazi wakisamehewa. Tutapiga kura kwa kuinua mikono kabla ya chakula cha mchana.