Sharo Milionea mnamkumbuka kwa ajali tu?

Mhariri,

Kila Novemba 26 ikikaribia nanunua gazeti, na kila mwaka nakuta yale yale: gari lake la Harrier, ajali ya Maguzoni Songa, usiku ule wa 2012, na watu waliobeba simu na nguo za marehemu badala ya kumbeba yeye. Sisi wa Muheza aibu hiyo tunaijua, hatuna haja ya kusomewa kila mwaka. Kazi ya Hussein Mkieti, ndiye huyo Sharo, mchekeshaji wa filamu na mwimbaji, mtaiandika lini?

Miaka ile nilikuwa na kibanda cha video hapa mjini. Mchekeshaji wa Bongo tulimzoea kwa tumbo la mto, suruali ya kufungwa kamba, au uzee wa kuigiza. Sharo akaja msafi! Jinzi imebana, cheni shingoni, maringo ya mtoto wa kishua, na kwao ni Lusanga huku huku. Jina milionea, mfukoni nauli hana. Neno sharobaro, yaani kijana mtanashati wa maringo, lilishavuma mjini kupitia studio ya mwanamuziki Bob Junior, lakini mwendo na sauti yake kwa kweli tulivipata kwa Sharo.

Mweke na Mzee Majuto, mchekeshaji mkongwe, Mtanga mwenzake. Mzee anafoka kama baba aliyechoka. Sharo anarudi hatua moja, anatikisa mabega, ananyoosha shati lisije likajikunja, ndipo anajibu kwa kubana sauti: "Umebugi meen." Benchi la nyuma lilianza kucheka kwenye ile hatua, mdomo hajaufungua. Nilikuwa naombwa nirudishe, narudisha, na filamu haiishi.

Halafu mtu huyo huyo akaingia studio. Wimbo wake "Chuki Bure" ulipotoka wapo waliosema mchekeshaji anatafuta shoo. Mimi nasema hapana. Kwenye filamu Sharo ni wa kufokewa na kuchekwa. Kwenye wimbo ndiyo kapata nafasi ya kuwajibu wenye roho mbaya, tena kwa madaha yale yale. Na ngoma inachezeka, hata kwa asiyewahi kuona filamu yake. Siku hizi kijana anarusha klipu za kuchekesha leo, kesho katoa wimbo, na hakuna anayemuuliza yeye ni nani hasa. Sharo aliulizwa sana.

Mzee Majuto naye katutoka Agosti 2018, na mimi sikuona gazeti lililomkalisha chini aeleze vile vituko na Sharo walivipangaje, au kama walivipanga kabisa. Waongozaji na watu wa studio msiwasubiri nao. Redio za Tanga nazo zipige nyimbo zake siku za kawaida, si siku ya msiba.

Mwandishi wenu akija Muheza, DVD zangu bado ninazo kwenye boksi. Deki ndiyo imekufa, kwa hiyo aje na yake.

Mwenye kibanda cha video wa zamani,
Muheza, Tanga