Barua ya Wazi kwa Mkuu wa Kitivo: Turejesheeni Tamthilia na Ushairi

Ndugu Mkuu wa Kitivo,

Baada ya salamu na heshima zinazostahili cheo chako, naomba uniwie radhi kwa kukuandikia hadharani. Njia za ndani nimezimaliza: nimeandika madokezo kupitia kwa mkuu wa idara, nimesimama vikaoni, nami nikajibiwa kila mara kwamba suala langu linafanyiwa kazi. Wiki iliyopita nimeiona kazi yenyewe. Mtaala mpya umebandikwa kwenye ubao wa matangazo, na humo kozi zetu tatu za fasihi ya baada ya ukoloni iliyoandikwa kwa Kiingereza, yaani riwaya, tamthilia na ushairi, zimefinywa zikawa kozi moja ya hiari, ya muhula mmoja, inayotaja riwaya peke yake. Shakespeare amebaki wa lazima. Washairi wa Uingereza wa karne ya 19 nao wamebaki, tena wameongezewa saa. Sina ugomvi nao, maana nimewasoma na baadhi yao nawapenda sana, ila ningefurahi kusikia kutoka kwako ni kwa mizani gani wao wameongezwa na wengine wakafutwa.

Naomba nikukumbushe jambo. Oktoba 2021, Abdulrazak Gurnah, mzaliwa wa Zanzibar, alipotangazwa mshindi wa Tuzo ya Nobel ya Fasihi, ulisimama mbele ya wanafunzi wetu ukasema kwamba huo ni ushindi wa kitivo hiki pia, kisha ukaahidi rafu nzima ya vitabu vyake na mhadhiri wa pili wa kunisaidia. Makofi yalikuwa mengi na picha zilipigwa. Rafu hatujaiona, na mhadhiri wa pili bado ni mimi. Paradise, riwaya yake ya mwaka 1994 iliyofika kwenye orodha fupi ya Tuzo ya Booker, tunaisoma kwa nakala moja iliyonyofoka kurasa za mwisho, kiasi kwamba wapo wanafunzi wanaoumaliza muhula bila kujua Yusuf, mhusika mkuu, aliamua nini alipowaona askari wa Wajerumani wakiondoka.

Kwa kuwa sikuelezwa sababu za mabadiliko haya, nimebaki kukisia. Huenda ni uchache wa wanafunzi, lakini kozi ya tamthilia hupangiwa Ijumaa jioni, katika chumba kisicho na taa za kuaminika, na hata hivyo hujaa. Huenda ni ajira, ingawa sijasikia mhitimu wetu aliyeajiriwa kwa sababu ya kujua soneti, yale mashairi ya Kiingereza ya mistari kumi na minne. Au huenda, na hili ndilo ninalolishuku zaidi, ndani ya kamati yupo anayeamini kwamba Mwafrika, Mhindi au mtu wa Karibi akiandika kwa Kiingereza anatoa kitu kisicho cha kwao wala cha Waingereza, kwa hiyo kinaweza kukatwa pasipo mtu kulalamika. Kama ni hivyo, kamati imechelewa. Hoja hiyo ilijadiliwa katika chuo cha Makerere, Uganda, mwaka 1962 waandishi wa Afrika walipokutana. Mwaka uliofuata mhakiki wa Nigeria, Obi Wali, akaandika kwamba fasihi hiyo imeingia njia isiyo na mwisho mwema. Mwandishi wa riwaya Chinua Achebe, naye wa Nigeria, akamjibu kwamba Kiingereza kinaweza kubeba uzito wa maisha yake, mradi akifinyange upya. Na Mkenya Ngũgĩ wa Thiong'o baadaye akachagua kukiacha katika riwaya na tamthilia zake. Mabishano haya ndiyo moyo wa kozi mliyoikata. Mnaamua kesi halafu mnawanyima wanafunzi jalada lake.

Tena mmeikata mahali pabaya kuliko pote. Mwaka 1977 Ngũgĩ alitoa Petals of Blood, riwaya kali dhidi ya walioshika nchi baada ya uhuru, na waziri wa serikali ya Kenya, Mwai Kibaki, akashiriki kuizindua. Mwaka huohuo, kule Kamiriithu karibu na Limuru, yeye na Ngũgĩ wa Mirii waliandika tamthilia kwa Kigikuyu, wakulima na wafanyakazi wakaiigiza wenyewe. Kibali cha maonyesho kikafutwa, na mwisho wa Desemba Ngũgĩ akatiwa kizuizini bila kushtakiwa. Riwaya ilipata sherehe, jukwaa likapata polisi. Mwanafunzi atayaelewaje hayo kwa kusoma riwaya peke yake? Yaelekea Serikali ya wakati ule iliielewa nguvu ya tamthilia kuliko kamati yetu ya mitaala.

Wole Soyinka wa Nigeria, aliyepewa Nobel mwaka 1986, ni mtu wa jukwaa kwanza. Derek Walcott wa Saint Lucia, kisiwa cha Karibi, aliyeipata mwaka 1992, ni mshairi, na katika utenzi wake Omeros aliwapa wavuvi wa kisiwa chake ukubwa wa mashujaa wa Kigiriki. Kwa mtaala wako wote wawili hawana mlango wa kuingilia. Soyinka mwenyewe, katika maelezo ya mwanzo ya Death and the King's Horseman, aliwaonya watakaoiandaa jukwaani wasiipunguze tamthilia hiyo ikawa mgongano wa tamaduni tu. Nami naona maneno hayohayo yameandikwa katika maelezo ya kozi mpya, kama mada ya juma la kwanza. Mshairi wa Uganda Okot p'Bitek naye alimtunga Lawino, msemaji wa shairi lake refu Song of Lawino, kwa Kiacholi kabla ya kumleta kwa Kiingereza mwaka 1966. Ni mwanamke anayelalamika kwa sauti, na asiposomwa kwa sauti anabaki nusu. Mumewe Ocol, aliyesoma hadi akaona haya kwao, nadhani angeupitisha mtaala huu bila hata swali.

Mwaka 1968, jijini Nairobi, Ngũgĩ na wasomi wenzake Henry Owuor-Anyumba na Taban lo Liyong waliandika waraka wakitaka Idara ya Kiingereza chuoni ifutwe kabisa na Afrika iwekwe katikati. Mimi siombi hata robo ya hayo. Vitabu nimenunua kwa mshahara wangu, fotokopi nimelipa mimi, na kwa kukosa nakala za kutosha nimeigiza peke yangu sehemu za wahusika wote mbele ya darasa hadi sauti ikakauka, kisha nikasahihisha mitihani ya kozi tatu kwa posho ya moja. Hayo yote niliyachukua kama sehemu ya kazi, kwa sababu wanafunzi walikuwa wanasoma.

Rafu uliyoahidi nimeisamehe, na mhadhiri wa pili pia nimekusamehe. Chumba cha Ijumaa jioni kiacheni kama kilivyo, na kozi mkitaka iwe ya hiari, iwe. Lakini turejesheeni tamthilia na ushairi. Mtaala haujapita Seneti, na kuongeza maneno hayo mawili katika maelezo ya kozi hakuhitaji bajeti. Naomba jibu la maandishi kabla ya kikao cha Seneti, na safari hii nisiambiwe kwamba suala langu linafanyiwa kazi.

Wako katika utumishi,
Mhadhiri wa fasihi, kitivoni kwako