Barua kwa Rehema kuhusu walinzi wake wa mipaka

Kilifi

Shoga yangu Rehema,

Salamu nyingi kutoka huku. Sote wazima, mama anakuulizia, na mvua imeshika kiasi kwamba nguo hazikauki. Ndipo nikapata wasaa wa kuisoma yote ile hadithi yako ya Chama cha Walinzi, wanaolinda mpaka kati ya dunia yetu na viumbe wa upande wa pili. Nakujibu kwa kalamu kwa sababu kwenye simu utanikatiza kabla sijafika popote.

Kwanza nikupe haki yako. Fundi cherehani wa sura ya tatu ni mtu hasa. Pale anapofunga duka magharibi, akasogeza marobota ya kanga, akapitisha ncha ya kidole ukutani kuutafuta ufa, na akiukuta umepanuka anachomoa sindano aliyoichomeka kwenye kola na kuanza kuushona, niliweka karatasi chini nikavuta pumzi. Na lile swali analomuuliza mwanafunzi wake, "Uzi umebaki kiasi gani?", linatisha kuliko vita vyako vyote. Chama cha Walinzi kikiwa na watu kama yule, naandikisha jina kesho.

Lakini hao wengine, shoga! Kamanda mwenye upanga wa radi, malango saba ya chuma, askari wamejipanga safu kwa safu. Hesabu yako mwenyewe inawakataa. Umesema viumbe wanatoka kwenye kipimo cha nne, juu ya urefu, upana na kimo. Haya, chora mtu kwenye karatasi, umzungushie duara. Yule wa karatasi amefungwa, hana pa kutokea. Wewe uliyeinama juu yake unamwona hadi matumbo, na unaweza kumgusa moyo bila kuugusa ukuta wake. Sasa chukulia chungwa linapita katika ile karatasi. Yeye chungwa halioni. Anaona nukta imezuka patupu, ikawa duara, duara likapanuka, likaanza kunywea, likatoweka. Viumbe wako wakija kwetu ndivyo tutakavyowaona: kipande cha kitu kinachokua hewani katikati ya sebule, na milango yote ina komeo. Lango la chuma litamzuia nani? Kamanda atakuwa ameshika zamu langoni huku adui ameshaingia ndani ya kifua chake.

Kwa hiyo mpaka wa namna hiyo haulindwi kwa ukuta wala upanga. Unalindwa kwa mapatano baina ya pande mbili, na kwa watu wenye kazi ya kuhakikisha mapatano hayavunjwi. Hapo wewe na mimi hatuna haja ya kuazima mbali.

Zitazame kaya za Wamijikenda, misitu mitakatifu iliyokuwa na miji yao ya zamani. UNESCO iliziingiza kwenye urithi wa dunia mwaka 2008, misitu iliyotawanyika kwenye karibu kilomita 200 za pwani yetu. Ukienda Kaya Kinondo kule Kwale, kwa Wadigo, ndugu zao wale walioko huko kwenu Tanga, hukuti ukuta wa kukuzuia. Unafungwa kaniki nyeusi, unaambiwa usitoke na kitu, hata kijiti kilichoanguka chenyewe. Basi. Katika kaya huzikwa fingo, yaani hirizi ya kuukinga mji, na palipozikwa wanapajua wazee. Ulinzi wote ni miiko, njia maalumu za kupita, na wazee wanaojua nani amekiuka na atalipa nini. Sisemi imetosha kila mahali. Kuna kaya zilizomegwa kwa mashamba na kwa viwanja vya ufukweni, na mwenye pesa hasikii mwiko. Lakini huoni kwamba hapo ndipo hadithi ilipo?

Halafu kuna Gohu ya Wagiriama, nao ni Wamijikenda. Hiki ni chama kweli, chenye ada: unaingia kwa kuwalisha na kuwanywesha walio ndani, na si kila mwanamume anayaweza. Mwanachama akifa, koma yake, yaani roho yake, huweza kumjia ndugu ndotoni ikidai. Ndipo huchongwa kigango, nguzo ya mti mgumu yenye kichwa na safu za pembetatu kifuani, ikasimamishwa, ikafungwa vitambaa, ikamiminiwa tembo la mnazi. Kikishasimamishwa hakihamishwi. Wezi wakavihamisha. Viliuzwa kwa watalii na wafanyabiashara wa sanaa, vikaishia kwenye majumba ya makumbusho ya Marekani. Jumba moja la Denver lilikuwa na vigango 30. Lilitangaza kuvirudisha mwaka 2014, na havikufika Kenya mpaka 2019. Tena kurudi Nairobi si kurudi kwenye boma kilikong'olewa, maana vingi havijulikani vilitoka kwa nani.

Waza hilo ndani ya hadithi yako. Adui hahitaji jeshi. Anahitaji kijana mwenye deni, panga, na gari la kukodi usiku. Nguzo ya mpaka inang'olewa hapa, inawekewa taa nzuri ndani ya kioo ng'ambo ya bahari, na watu wanaipiga picha. Upande wa pili nao wana hoja: mapatano yamevunjwa, na sisi ndio tuliovunja. Hapo fundi wako atashona nini?

Ningekuwa wewe, ningelifuta jeshi zima. Chama kiwe na watu kumi na kitu, nusu yao wamezeeka, wanagombania ada na nani alale zamu ya Ijumaa, na vijana wao wameenda kutafuta kazi Mombasa. Yule mwanafunzi abaki, ila asiwe mteule wa unabii wowote. Awe ameingia kwa sababu amelipa mbuzi wake, na anataka kujua mbuzi huyo amemnunulia nini.

Nimekuandikia pembeni mwa kurasa kwa penseli, usikasirike ukiona nimepiga mistari sura ya saba nzima. Bahasha atakuletea binamu yangu anayekuja Tanga wiki ijayo. Sura ya tatu usiiguse. Na yule kamanda, kama huwezi kumuua, basi mpe jina la mtu. Zorakhan linasikika kama dawa ya mbu.

Wasalimie wote hapo nyumbani.

Wako,
Mwanasha