Barua ya wazi kwa vijana wa kamera: shikeni kila kazi, tunzeni kila picha

Wanangu wa kamera, mnaoanza kwa harusi, mahafali na video za muziki, salaam.

Nasikia mnashinikizwa kuchagua mapema: picha za mnato au video, kushika kamera au kuongoza. Eti anayegusa kila kitu hajui kitu. Mimi siafiki, hasa kwa anayetaka kutengeneza filamu za makala.

Mtazameni Mohamed Amin, mzaliwa wa Nairobi mwaka 1943 aliyekulia hapahapa Dar es Salaam. Wengi mnamjua kwa picha za njaa ya Korem, Ethiopia, mwaka 1984. Rudini nyuma zaidi ya miaka 20. Shuleni alianza na kamera ya mtumba aina ya Box Brownie, na mwaka 1963 akaanzisha kampuni yake ya picha, Camerapix, hapa mjini. Januari iliyofuata yakatokea Mapinduzi ya Zanzibar, naye akayapiga picha. Alishika kamera ya mnato na ya filamu pia, kwa hiyo tukio moja liliwalisha wenye magazeti na wenye televisheni. Tom Mboya, waziri wa Kenya, alipopigwa risasi Nairobi, Julai 5, 1969, Amin alifika ndani ya dakika chache akafanya kazi zote mbili. Filamu ile ikampatia tuzo ya mpigapicha wa mwaka wa televisheni Uingereza.

Sasa fikirini vifaa vya wakati ule. Kamera nyingi za filamu ya milimita 16 zilikazwa springi kwa mkono. Ukikaza hadi mwisho, inazunguka nusu dakika hivi, inasimama. Rola ya futi 100 haifiki dakika tatu, na sauti haimo. Rola inapanda ndege kwenda London pamoja na karatasi ya maelezo: nani huyu, wapi, lini, anafanya nini. Karatasi ikipotea, mhariri wa London anabaki na sura asizozijua. Ninyi kadi zenu zinabeba saa nzima, ndiyo maana mnabonyeza kabla hamjajua mnatafuta nini.

Shikeni picha pana, mhesabu hadi kumi, ndipo msogee kwenye uso, kisha mikono. Kabla ya kufungasha, waombeni watu wanyamaze nusu dakika mnase sauti ya chumba kikiwa kimya. Mhariri atawashukuru, na mwanzoni mhariri ni ninyi wenyewe, saa nane za usiku. Andikeni majina papo hapo. Kesho mtakuwa mmeyasahau.

Vibali msivichezee. Amin alifungwa Zanzibar mwaka 1966, karibu mwezi mzima, kwa sababu ya picha zake. Siku hizi Bara mna Bodi ya Filamu, Zanzibar kuna BASSFU, baraza linalosimamia sanaa na filamu. Nendeni kabla ya kupanda boti, si baada ya kukamatwa Forodhani na stendi begani.

Linaloniuma zaidi ni kufuta. Amin alifariki Novemba 1996, ndege iliyotekwa ilipoanguka baharini Comoro, lakini maktaba yake ya picha bado ipo Nairobi. Ninyi mnafuta harusi ya Jumamosi ili mpate nafasi ya Jumapili. Kwenye ile ya Jumamosi alikuwamo bibi anayeimba wimbo ambao wajukuu zake hawaujui, na nyuma yake nyumba zilizokwisha wekewa alama ya X kupisha barabara. Mkija kutengeneza filamu ya mtaa ule, picha hizo mtazipata wapi?

Kubalianeni na mteja kwa maandishi picha ghafi zinabaki kwa nani, na mnaruhusiwa kuzitumiaje. Halafu nunueni diski mbili kabla ya kuwaza droni: moja ikae kwenu, nyingine kwa shangazi, kila folda ikiwa na tarehe, mahali na majina. Droni mtakodi.

Ni mimi mzee wenu,
mpigapicha mstaafu, Dar es Salaam