Malalamiko Kuhusu Bei ya Heliamu na Tozo ya Dharura Isiyokwisha

Dar es Salaam,
Novemba 2025

Meneja Mauzo,
Kitengo cha Gesi Maalumu.

Ndugu,

YAH: ANKARA YETU YA MWISHO YA HELIAMU YA KIMIMINIKA

Husika na kichwa cha habari hapo juu.

Sisi ni kituo cha vipimo vya picha na ni wateja wenu wa miaka mingi. Heliamu mnayotuletea ndiyo inayopoza sumaku ya mashine yetu ya MRI, inayopiga picha za ndani ya mwili. Ankara yenu ya mwisho tumeipitia pamoja na mhasibu na mhandisi wa vifaa tiba, na tumelipa sehemu tusiyobishania. Iliyobaki tumeizuia, kwa sababu ninazozieleza hapa.

Naanza na mstari ulioandikwa "marekebisho ya soko la dunia". Mstari huo tunaufahamu tangu ukiitwa "tozo ya dharura". Mliuweka mwaka 2022, mkatuandikia barua ya kueleza sababu, na hatukulalamika kwa kuwa sababu zilikuwa za kweli. Kiwanda kipya cha Amur nchini Urusi, ambacho dunia nzima ilikuwa ikikitegemea kuongeza heliamu, kilishika moto Oktoba 2021, kikapata mlipuko Januari 2022. Mwezi huohuo mitambo ya hifadhi ya serikali ya Marekani kule Texas ikasimama kwa miezi kadhaa. Heliamu ikawa adimu kila mahali, na waliokuwa na mikataba ya kudumu nao walikatiwa mgao. Tukalipa, tena kwa wakati.

Lakini dharura ile imekwisha. Tangu 2023 upatikanaji umerudi, Amur imeanza kutoa mzigo, na bei za soko la papo kwa papo, yaani za mzigo unaonunuliwa nje ya mikataba ya kudumu, zimeshuka. Hilo mnalijua kuliko sisi, maana ninyi ndio mnaonunua huko. Kwenye ankara yetu kilichobadilika ni jina la mstari tu. Kiasi hakijashuka, na safari hii kimeongezeka. Bei ikipanda mnatupigia simu siku hiyohiyo. Ikishuka, hatusikii lolote.

Kijana wenu wa mauzo alinieleza kwamba tatizo ni dola. Nakubali kwamba 2023 na mapema 2024 dola zilikuwa shida kupatikana nchini, na kila mwagizaji alilia. Ila mwishoni mwa 2024 shilingi ilipanda kutoka zaidi ya 2,700 kwa dola hadi karibu 2,400, na hatukuona punguzo hata la senti. Isitoshe, bado mnatuandikia bei kwa dola, wakati kanuni za matumizi ya fedha za kigeni za Machi 2025 zinakataza kupanga au kudai bei kwa fedha za kigeni kwa bidhaa zinazouzwa humu nchini. Sihitaji kuwafundisha sheria. Leteni ankara ya shilingi.

Sasa nije kwenye kipimo, jambo ambalo limetuudhi zaidi ya bei yenyewe.

Heliamu ya kimiminika huchemka kwenye nyuzi 269 chini ya sifuri, kwa hiyo hata ndani ya mtungi bora kabisa hupungua kila siku. Kila siku ambayo mtungi wenu unangoja forodhani au kwenye ghala lenu, gesi inatoka. Hatubishani na fizikia. Tunachobishania ni kulipishwa lita zilizojazwa kule Ghuba badala ya lita zilizoshushwa mlangoni kwetu. Ni sawa na kuuziwa barafu kwa uzito wa kiwandani wakati nusu ya njia imeshakuwa maji.

Safari hii tuliupima mtungi kwa mizani kabla na baada ya kuhamisha. Lita moja ya heliamu ya kimiminika ina uzito wa gramu 125 hivi. Mtungi wa lita 250 ungepaswa kuwa na kilo zipatazo 31 za heliamu. Mizani ilionyesha kilo 24 na nusu za heliamu kabla hatujafungua valvu. Hizo ni lita 196. Kinachopotea wakati wa kuhamisha kwenda kwenye mashine ni juu yetu, na hatukiingizi kwenye madai haya. Dereva wenu alikuwepo na aliona, ingawa alikataa kusaini kipimo chetu kwa kuwa, kwa maneno yake, "karatasi ya ofisi haina sehemu hiyo". Wekeni sehemu hiyo.

Mnajua vilevile kwamba hatuna pa kuupeleka mzigo huu wa gharama. Bima hutulipa kipimo cha MRI kwa bei waliyoipanga wao, na mgonjwa anayelipa taslimu hana cha kuongeza. Kuacha kujaza nako haiwezekani: kiwango kikishuka kupita kiasi, sumaku hupoteza ubaridi wake, heliamu iliyobaki hutoka yote kwa bomba la dharura, na tutahitaji mitungi mingi zaidi kuirudisha. Wateja wasioweza kuondoka ndio wanaostahili kutendewa haki kuliko wote.

Mwisho, naomba mwache kutuambia tuvumilie kwa sababu "ya Rukwa inakuja". Tangu 2016 watafiti walipotangaza hazina ya heliamu katika bonde la Rukwa, sote tumefurahi. Kisima cha Itumbula kilitoa heliamu hadi juu ya ardhi mwaka 2024, na leseni ya uchimbaji imetolewa mwaka huu. Ni habari njema kwa nchi. Lakini heliamu hiyo bado haijaanza kuuzwa, na hata ikianza, itabidi ipozwe iwe kimiminika kabla ya kutufaa sisi. Haiwezi kuwa jibu la ankara ya mwezi huu.

Tunaomba mtuandikie ankara mpya kwa shilingi, kwa lita 196, bila mstari wa "marekebisho", au mtuonyeshe kwa maandishi hesabu inayouhalalisha: bei mliyonunulia, usafiri, na kiwango cha kubadilishia fedha mlichotumia. Kuanzia mzigo ujao tutapokea mtungi kwa mizani tu, na pande zote mbili zitasaini. Tukikosa jibu ndani ya siku 14, suala la kipimo tutalipeleka Wakala wa Vipimo, na la bei Tume ya Ushindani (FCC). Salio lililozuiwa lipo tayari na litalipwa siku ankara sahihi itakapofika.

Wako katika kazi,

Meneja Ununuzi

Nakala: Mhasibu Mkuu, Mhandisi wa Vifaa Tiba